Haki ya Aliyekosa Zabuni

Wasikilizaji waheshimiwa, mlioko Tunduma penye foleni ya malori yaendayo Zambia na Kongo, na nyinyi wa Vwawa, Mlowo, Itumba na Kamsamba, nakusudia jioni hii kuzungumza nanyi juu ya jambo ambalo aghalabu huachiwa mawakili na maafisa ugavi, ilhali ndilo liamualo kama paa la darasa la mwanao litavuja mvua ya pili au litadumu hata mwanao naye apate wajukuu. Nalo ni uadilifu katika zabuni za umma. Na kwa kuwa jambo lenyewe ni pana, na muda tuliopewa ni mfinyu, nitachagua upande mmoja tu, nao ni upande wa mtu asiyekuwa na hadhira, yule aliyeomba kazi kwa njia ya halali akaikosa, akabaki na gharama za maombi yake na swali ambalo hajui amwulize nani.

Mshindi wa zabuni hahitaji mtetezi. Hupewa mkataba, huteremsha kokoto na saruji, husimamisha kibao kando ya njia chenye jina la kampuni yake na la mhandisi mshauri, na akiwa na bahati hutembelewa na viongozi wakati wa kuweka jiwe la msingi. Aliyeshindwa haonekani, na kwa sababu haonekani, ni rahisi sana kumtendea jeuri pasipo mtu kujua. Ndiyo maana mimi, nikitaka kujua kama halmashauri fulani inanunua kwa insafu, siulizi kazi kapewa nani. Nauliza walionyimwa waliambiwa nini.

Mkoa wetu wa Songwe ulimegwa kutoka Mbeya mwaka 2016, nao, kama ulivyo mji wowote unaoanza, ulihitaji kila kitu kwa wakati mmoja: ofisi za mkoa huko Vwawa, hospitali, vituo vya afya, madarasa, barabara za kumtoa mkulima wa kahawa Mbozi na kumfikisha sokoni, madaraja ya kuvushia watu Momba wakati wa masika. Hata uwanja wa ndege tunaouita kwa jina letu uko ng'ambo ya pili, mkoani Mbeya, nasi tumebaki na jina tu. Mkoa mchanga, basi, ni mnunuzi mkubwa kuliko mkoa mkongwe, na mnunuzi mkubwa ana rafiki wengi; na pale Tunduma, mji wa mpakani ambapo fedha za nchi mbili hubadilishana mikono tangu alfajiri, kituo cha pamoja cha forodha kilichozinduliwa na marais wa Tanzania na Zambia mwezi Oktoba 2019 kimewazoesha watu kuona shughuli za serikali kwa karibu, wakajua nani huingia ofisi gani na kwa mlango upi.

Zamani jambo hili halikuwa letu hata kidogo. Wakati wa ukoloni, vitu vilivyohitajiwa na serikali ya Tanganyika, kuanzia mashine hadi karatasi, vilinunuliwa kwa sehemu kubwa kupitia mawakala wa Taji walioketi London, na hapana Mnyiha wala Mnyamwanga aliyeweza kuuliza kwa nini bei ilikuwa vile. Baada ya uhuru ikawako Bodi Kuu ya Zabuni, chini ya Hazina, na malalamiko, kama yalikuwapo, yalimalizwa kwa barua na kwa kujuana. Sheria ya kwanza iliyojitegemea ya ununuzi wa umma ilitungwa 2001. Ya pili, ya 2004, ndiyo iliyozaa mamlaka ya kudhibiti ununuzi, iitwayo PPRA, tuliyonayo hadi leo pamoja na ile ya kusikiliza rufani za zabuni, iitwayo PPAA. Ikaja ya 2011, iliyoanza kutumika Desemba 2013, ikafanyiwa marekebisho makubwa mwaka 2016. Na sasa tunayo Sheria Namba 10 ya 2023, iliyoanza kazi Juni 2024. Sheria nne katika muda wa miaka isiyotimia 25: mtu aweza kusema kwamba ni dalili ya bidii, na mwingine aweza kusema kwamba ni dalili ya nguo isiyokaa mwilini. Mimi nadhani yote mawili ni kweli.

Sasa na tutazame njia yenyewe anayopita mlalamikaji, maana hapo ndipo penye utamu na uchungu wa shauri hili. Tuseme mkandarasi wa daraja la saba, lile la chini kabisa katika daftari la Bodi ya Usajili wa Makandarasi, ameomba kujenga zahanati katika kata moja ya Momba. Siku za tathmini zikipita, taasisi nunuzi hulazimika, kabla ya kumpa mtu mkataba, kuwapelekea waombaji wote ilani ya kusudio la kutoa tuzo. Ilani hiyo si karatasi ya adabu tu. Kanuni za mwaka 2013 zilitaka itaje jina la anayekusudiwa kupewa kazi, thamani ya mkataba, muda wa kuikamilisha, na, hili ndilo kubwa, sababu zilizomfanya kila mwombaji mwingine akose. Tangu kupelekwa ilani hiyo, kalamu ya kutia sahihi huwekwa chini kwa siku kadhaa, ili mwenye dukuduku aseme.

Siku hizo, walakini, zimekuwa zikipungua kila sheria inapoguswa. Kwa kanuni za 2013 mwombaji alikuwa na siku 28 za kupeleka malalamiko yake, zikihesabiwa tangu alipolijua jambo linalomkera. Marekebisho ya 2016 yakazishusha kuwa siku 7 za kazi. Na sheria mpya imezifanya 5. Mamlaka ya rufani nayo, iliyokuwa na siku 45 za kutoa hukumu, sasa ina 40. Naafiki kwamba mahakama na mabaraza yakichelewa, haki huoza. Lakini kuna tofauti baina ya kumharakisha kadhi na kumharakisha mdai. Kadhi ana makarani, ana maktaba, ana mshahara mwisho wa mwezi. Mkandarasi wetu wa daraja la saba ana simu, ana mafundi wanaomdai, na wakili wake, kama anaye, yuko mjini Mbeya akisubiriwa na kesi za watu wengine. Siku 5 za kazi kwake ni siku ya kushtuka, siku ya kuomba ushauri, siku ya kutafuta nauli na ada, siku ya kuandika, na siku ya kujutia kwamba ameandika.

Na anaandika kwa nani? Hapa, wasikilizaji, ndipo penye fundo. Malalamiko ya kwanza huenda kwa afisa masuuli wa taasisi iliyotangaza zabuni. Na katika halmashauri, afisa masuuli ndiye mkurugenzi mwenyewe, yule ambaye kwa idhini yake ilani ilipelekwa, ambaye ndiye aliyewateua wajumbe wa kamati ya tathmini, na ambaye bodi ya zabuni inakaa chini ya paa lake. Kesi ya nyani hupelekwa kwa ngedere, walisema wazee, wala hawakuwa wakizungumzia ununuzi. Najua hoja ya watunga sheria, nayo haikosi hekima: mwenye nyumba apewe fursa ya kusafisha kosa lake kabla ya majirani kuitwa, na kanuni humruhusu mkurugenzi kuunda jopo la kumshauri. Wako wakurugenzi waliokubali makosa na kurudisha tathmini mezani. Lakini mtu akijibiwa kwa mistari mitatu kwamba malalamiko yake hayana mashiko, ndipo humbidi aanze safari ya pili, kwenda Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma, na huko nako saa inahesabu.

Mamlaka hiyo, kwa insafu, imefanya kazi ambayo raia wengi hawaijui. Huongozwa na jaji mstaafu, na maamuzi yake, ukiyasoma, yanarudia kanuni chache zilizo wazi mno hata unashangaa kwamba bado zinavunjwa. Kwanza, kwamba tathmini ifanywe kwa vigezo vilivyoandikwa katika nyaraka za zabuni, visizuliwe vingine bahasha zikishafunguliwa. Pili, kwamba bei ya chini iliyosomwa siku ya ufunguzi si lazima iwe bei ya chini baada ya kutathminiwa, hivyo anayelalamika kwa sababu tu bei yake ilikuwa ndogo hana hoja mpaka aonyeshe kwamba alitimiza masharti. Na la tatu, ambalo kwangu ndilo roho ya mambo yote, kwamba sababu anayopewa aliyekosa iwe sababu mahususi. Kumwambia mtu "hukukidhi vigezo" ni kumfungia mlango na kumficha ufunguo; kumwambia "hati yako ya uwakilishi haikutiwa sahihi na mthibitishaji" ni kumpa kitu anachoweza ama kukubali na kujirekebisha, ama kukikanusha kwa ushahidi.

Mamlaka ina uwezo wa kutengua uamuzi, kuamuru tathmini irudiwe, kuamuru zabuni itangazwe upya, na kumfidia mlalamikaji gharama za haki alizotumia. Sheria ya 2011, hata hivyo, iliweka ukingo mmoja mkali: Mamlaka haikuweza kutengua uamuzi uliokwisha kuutia mkataba nguvu. Mkataba ukishatiwa sahihi, aliyedhulumiwa hubakiwa na fidia ya gharama zake, na zahanati hujengwa na aliyeipata kwa njia isiyo sawa. Kwa ajili hiyo kila hila katika uwanja huu hukimbilia mahali pamoja: kuharakisha sahihi. Ilani hupelekwa Ijumaa jioni. Anwani ya barua pepe hukosewa herufi moja. Jibu la mkurugenzi halifiki. Asiyeridhika na uamuzi wa Mamlaka ana siku 14 za kwenda Mahakama Kuu kuomba mapitio, lakini huko jaji hatazami nani alikuwa mjenzi bora. Hutazama kama sheria ilifuatwa. Na Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a), inampa kila mtu haki ya kusikilizwa na ya kukata rufani, bila ya kutaja daraja la usajili wake.

Watu husema, na wana haki ya kusema, kwamba mambo makubwa hayafiki huko kabisa. Mnaikumbuka kadhia ya Richmond. Mwaka 2006 ukame ulikausha mabwawa ya umeme, nchi ikawa gizani, na mkataba wa umeme wa dharura wa megawati 100 ukapewa kampuni ambayo kamati teule ya Bunge, chini ya Harrison Mwakyembe, wakati huo mbunge wa Kyela, jirani yetu hapa Ileje, iliripoti Februari 2008 kwamba haikuwa na uwezo wa kazi ile, na kwamba wizara iliingilia mchakato wa zabuni uliokuwa mikononi mwa Tanesco. Waziri Mkuu Edward Lowassa akajiuzulu, na mawaziri wawili pamoja naye. Hilo lilikuwa jambo zito katika siasa zetu, lakini liangalieni kwa jicho la ununuzi: dharura ndiyo iliyofungua mlango, na kilichoufunga ni Bunge, tena wakati fedha zimekwisha kutumika. Dharura ni neno la kutazamwa kwa hadhari. Mvua ya masika ikivunja daraja, dharura ni ya kweli. Mwezi wa sita ukikaribia na fedha za mradi hazijatumika, dharura huzaliwa ofisini.

Kuna na mlango mwingine mpana zaidi, nao ni wa mapatano baina ya dola na dola. Reli ya TAZARA, ipitayo hapa Tunduma kuingia Nakonde upande wa Zambia, haikushindanishwa kwa zabuni; ilitokana na mapatano yaliyotiwa sahihi Beijing mwaka 1967, kwa mkopo wa China usio na riba, ikajengwa kati ya 1970 na 1975, kilomita 1,860 toka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, baada ya mataifa ya Magharibi kukataa kuijenga. Sijasikia mzee wa Tunduma akiilaumu reli ile kwa kukosa zabuni. Lakini zama zile hazikuwa na sheria ya ununuzi, na zama hizi zinazo. Kenya ilipojenga reli yake mpya ya Mombasa hadi Nairobi kwa mkopo wa China na kwa mkandarasi wa China asiyeshindanishwa, mwanaharakati Okiya Omtatah pamoja na Chama cha Wanasheria walikwenda mahakamani mwaka 2014. Mahakama Kuu ikawakatalia. Treni ikaanza kubeba abiria 2017. Mwezi Juni 2020, ndipo Mahakama ya Rufani ikasema kwamba shirika la reli lilivunja sheria ya ununuzi na ibara ya 227 ya Katiba ya Kenya, idaiyo ununuzi uwe wa haki, wa usawa, wa uwazi, wa ushindani na wenye kulinda thamani ya fedha. Na 2023 Mahakama ya Juu nayo ikaona kwamba ununuzi ule, kwa kuwa ulifungamana na mapatano ya serikali mbili, ulisamehewa na sheria iliyokuwapo wakati huo. Miaka tisa ya mabishano, na reli imekwisha kuzeeka kidogo.

Lakini hata yeye Omtatah alikuwa na kitu ambacho mwananchi wa Songwe hana. Hakuwa mzabuni, hakupoteza kazi yoyote ya kujenga reli, alisimama kama raia tu, na mahakama ikamsikiliza. Kwetu, mlango wa rufani za zabuni umefunguliwa kwa mzabuni aliyepata hasara au aliye hatarini kuipata, na hapana mwingine. Mama wa Kamsamba atakayejifungulia katika zahanati yenye ukuta uliopasuka si mdai katika shauri hilo. Na mwaka 2020 sheria ya kutetea haki za msingi mahakamani ilirekebishwa, ikamtaka anayefungua shauri aape na kueleza jinsi yeye mwenyewe alivyoathirika. Ni mabadiliko ambayo wanasheria wengi waliyalalamikia, nami naungana nao, kwa sababu mali ya umma ni mali ambayo kila mtu ameumia kidogo na hakuna aliyeumia peke yake. Kinachombakia raia ni diwani wake na kikao cha baraza la madiwani, na ripoti ya Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu, ambayo hutoka kila mwaka, nayo huja, kama Bunge kwa Richmond, baada ya saruji kukauka.

Nisije nikaonekana nawatetea walalamikaji wote. Wako wanaolalamika kwa ghiliba, ili kuchelewesha tu, wakijua kwamba malalamiko husimamisha mchakato, na kwamba mshindani wao akichoka huenda akawaita pembeni wapatane. Mganga mfawidhi anayesubiri jengo la upasuaji hana habari na ugomvi wa makandarasi wawili. Na mwaka wa fedha ukifika tarehe 30 Juni kabla ya mkataba, fedha zilizokuja kwa taabu huweza kurudi Hazina, na kata ikabaki na msingi uliochimbwa. Mkurugenzi anayeniambia hayo hanidanganyi. Ila mimi humjibu kwamba dawa ya malalamiko ya uongo ni sababu zilizoandikwa vizuri. Mtu aliyeonyeshwa ukurasa na mstari alipokosea, hana pa kushikia uongo wake.

Tangu Oktoba 2023 taasisi zote zimetakiwa kununua kupitia mfumo wa kielektroniki uitwao NeST, uliochukua nafasi ya ule wa TANePS, na mimi ni miongoni mwa waliofurahi. Mzabuni wa Tunduma hahitaji tena kusafiri kusoma tangazo ubaoni, wala kusimama mlangoni mwa sanduku la zabuni akihofia kwamba bahasha yake itaingia kabla ya saa nne na kutoka baada ya saa nne. Vijana, wanawake, wazee na watu wenye ulemavu, ambao sheria imewatengea asilimia 30 ya ununuzi, wanaweza kujisajili kwa vikundi vyao. Na kwa kanuni za 2024 kazi za ujenzi zisizozidi shilingi bilioni 50 zimeachiwa wazawa, hata mkandarasi wa Nakonde, asikiaye honi za malori yetu akiwa kitandani kwake, huhesabiwa mgeni. Haya ni mema. Lakini mashine husoma kilichoandikwa, na haijui kwa nini kiliandikwa. Sharti la kuwa na mitambo ya aina fulani, la kuwa na mapato ya kiasi fulani kwa miaka mitatu mfululizo, la kuwa umejenga jengo linalofanana na hili katika mkoa unaofanana na huu, laweza kukatwa kama kanzu kwa kimo cha mtu mmoja, halafu likatangazwa kwa nchi nzima kwa uwazi usio na dosari. Dhuluma ya zamani ilikuwa siku ya kufungua bahasha. Ya sasa huwa wiki tatu kabla, katika kuandika nyaraka, na ndiyo sababu mzabuni mwenye busara hapaswi kungoja ilani ya kusudio ndipo alalamike. Anaposoma sharti lisilo na maana, na aliulizie hapo hapo kwa maandishi. Maana akilinyamazia akaomba kazi kwa sharti hilo hilo, akiligeuzia kisogo baada ya kushindwa, ataulizwa alikuwa wapi.

Limeongezwa na jingine la kheri: malalamiko na rufani zenyewe sasa zimewekewa njia ndani ya mfumo huo, hata mtu aweza kuziwasilisha akiwa dukani kwake, mtandao ukikubali. Lakini niliowauliza miongoni mwa makandarasi wadogo wa mkoa huu, wengi wao hawataji umbali, wala ada, wala uchache wa siku. Wanataja kitu kimoja, nacho hakimo katika sheria yoyote: kwamba mwezi wa saba unakuja, bajeti mpya itafunguliwa, na ofisi watakayoishtaki leo ndiyo hiyo hiyo watakayoiomba kazi kesho kutwa.